Outer Wilds: gemu ambayo matokeo yanatangulia sababu

Onyo kwanza: kanuni ya muda ya gemu hii inaelezwa waziwazi hapa chini, na kuigundua mwenyewe ni nusu ya utamu wake. Mwisho wa hadithi haumo. Anayetaka kuingia bila kujua chochote asome aya inayofuata, kisha aruke mpaka aya mbili za mwisho.

Outer Wilds ilitengenezwa na Mobius Digital, ikatoka Mei 2019, na mwaka 2020 ikachukua tuzo ya BAFTA ya gemu bora. Unaamka kando ya moto kwenye sayari ya Timber Hearth, unapanda kwa Hornfels, msimamizi wa kituo cha kutazamia nyota, unapewa namba za kurushia chombo, unaondoka. Dakika 22 zikitimia jua linalipuka. Unakufa, unaamka palepale kando ya moto. Hakuna silaha, hakuna pointi, hakuna kifaa cha kuongezea nguvu. Unachovuka nacho ni ulichokijua tu, na kompyuta ya chombo inakutunzia kwa kadi zilizounganishwa kwa mistari. Ila usife kabla ya kupita mbele ya sanamu ya Nomai (viumbe walioishi huko zamani sana) iliyomo kituoni, macho yake yakafunguka. Hiyo sanamu ndiyo inayokuingiza kwenye mzunguko. Ukifa kabla yake umekufa kweli, na gemu inaishia hapo.

Sasa kanuni yenyewe. Hao Nomai walikuwa na njia ya kusafirisha vitu papo hapo: kitu kinaingia kwenye shimo jeusi, kinatokea kwenye shimo jeupe. Walipopima kwa makini wakakuta kitu kinatokea upande wa pili kabla hakijaingia upande wa kwanza. Pengo lenyewe ni dogo mno, lakini nishati ikizidi nalo linarefuka, na kulifikisha dakika 22 kunahitaji nguvu ya nyota inayolipuka. Kwa hiyo zile dakika 22 hazikuwekwa ili kumbana mchezaji. Zina sababu ndani ya dunia ya gemu, na sababu hiyo unaisoma kutani kwa mkono wa walioikokotoa.

Kila unapofungua macho, tazama juu angani. Karibu na sayari ya Giant's Deep kuna mwako, na kitu kinafyatuka. Ni mzinga wa Nomai unaorusha chombo cha uchunguzi kwa mwelekeo wa kubahatisha. Amri ya kuufyatua haikutoka kwa mtu aliyekaa pale asubuhi hiyo. Imetoka mwisho wa zile dakika 22, kwa nguvu ya mlipuko ambao bado haujatokea. Mwisho ndio unaouanzisha mwanzo. Na umekuwa ukiuona kila ulipoamka, kabla hujajua unaangalia nini.

Kinachoipandisha gemu hii juu ya nyingine zote za kurudi nyuma katika muda ni kwamba hutakiwi kuamini tu. Nenda kwenye maabara ya nishati ya juu iliyoko kwenye sayari ya Ember Twin. Hakikisha viini viwili vinavyofungua mashimo hayo, cha shimo jeusi na cha shimo jeupe, vimekaa kwenye nafasi zake, kisha rusha kichunguzi chako, kile kidude chenye kamera, kwenye shimo jeusi. Kwa muda mfupi utakiona mara mbili: kimoja kimeshatoka kwenye jeupe, kingine bado kiko njiani kuelekea jeusi. Rudia, na safari hii, kikishatokea tu, chomoa kiini cheusi kabla kile cha kwanza hakijaingia. Matokeo yapo, sababu haipo tena. Gemu inakutangazia kwamba umeharibu muda na anga, majina ya waundaji yanapita, basi. Wengi hushindwa kwa kuchelewa kuchomoa. Kidole kiwe tayari kabla ya kurusha.

Kuna jaribio kubwa kuliko hilo. Jua likilipuka ukiwa katikati ya sayari ya Ash Twin, uliko mtambo wa Nomai unaorudisha kumbukumbu nyuma, rukia shimo jeusi lililomo. Mzunguko unaofuata utamkuta mwenzako pale ambaye ni wewe. Hapo una deni: usiporukia tena mwishoni, kila kitu kinavunjika kama maabarani.

Lakini kanuni ina ufa, na haifai kuufunika. Kichunguzi kisipoingia shimoni, ulimwengu unavunjika. Kumbukumbu zako nazo zimerudi nyuma kwa njia ileile, ila ukizitumia kufanya mambo tofauti kabisa na mzunguko uliopita, hakuna kinachovunjika. Hata ukikichomoa kiini cha mtambo wa Ash Twin, kumbukumbu zisitumwe tena, zile ulizokwisha kuzipokea zinabaki salama. Yaani mwili unadaiwa, habari haidaiwi. Maandishi ya Nomai hayasemi kwa nini. Ni pengo la kweli, na linauma zaidi kwa sababu mengine yote yameshonwa vizuri mno.

Kwa anayeanza: mchanga unahama kutoka sayari ya Ash Twin kwenda pacha wake, Ember Twin, muda wote. Mapango ya Ember Twin yaingie mapema kabla hayajajaa. Minara ya Ash Twin ingoje mpaka ifunuliwe. Rubani wa otomatiki haangalii kilichopo katikati ya safari, na jua likiwa njiani atakupitisha humohumo. Kabla ya kutua, linganisha mwendo wa chombo na wa sayari. Mtafute msafiri mwenzako Gabbro kwenye sayari ya Giant's Deep, atakufundisha kutafakari, upate kuruka hadi mzunguko mwingine bila kungoja kufa.

Maandishi ni mengi na Kiswahili hakimo kwenye lugha zake, kwa hiyo lugha utakayochagua uwe unaisoma bila kubabaika. Muziki wa huzuni ukianza kupanda, imebaki kama dakika moja na nusu: kama uko mbele ya ukuta wenye maandishi, tafsiri mstari unaofuata badala ya kukimbilia chombo.