Kalenda ya Mwangwi: hesabu imetulia, sauti bado

Mimi ni mpiga fidla wa kikundi cha taarabu hapa Unguja, na kalenda hii nimeinunua kwa ajili ya muziki uliomo ndani yake. Si ya kuangalia mwisho wa mwezi. Ni kalenda ya nchi ya kubuni, Mwangwi, ambayo watu wake huhesabu mwaka kwa sauti. Wameitengeneza vijana wawili wa Dar es Salaam. Nililipa shilingi 18,000 kwa simu na mzigo ukaja kwa boti, umeviringishwa vizuri ndani ya bomba la karatasi ngumu.

Kurasa zipo 13. Kumi na mbili ni za miezi, ya mwisho ina siku moja tu, na huo ukurasa wa siku moja ndio ulionifanya niipende kalenda nzima.

Miezi ya Mwangwi ina siku 28 kila mmoja, na kila mwezi una sauti yake. Ukitoka mwezi huu kwenda unaofuata unapanda hatua ya tano, yaani unahesabu sauti tano, do, re, mi, fa, sol, na unatua kwenye ya tano: do, kisha sol, kisha re, la, mi, na kuendelea. Mpiga fidla anaijua njia hii kwa masikio, maana nyuzi zangu nne nimezifunga hivyo hivyo, sol, re, la, mi. Ukipanda mara 12 unatarajia kurudi kwenye do, oktava 7 juu ya pale ulipoanzia (oktava ni kutoka do moja hadi do inayofuata). Miezi 12, wiki ya siku 7: hapo ndipo vijana walipopata mifupa ya mwaka wao. Sasa, ukizipanda hatua hizo zikiwa safi kabisa, bila kuzipunja, hutarudi kwenye do. Unaipita kidogo. Tukichukua kipimo ambacho nusu toni moja ni senti 100, unaipita kwa senti 23.46. Ziada hiyo inajulikana kama koma ya Pythagoras.

Wao wameigeuza ziada hiyo kuwa siku. Nilichukua kalamu nikawafuata: oktava 7, kila moja ya nusu toni 12, ni senti 8,400, na miezi yao 12 ni siku 336. Senti 23.46 kwa uwiano huo zinatoa siku 0.94. Kwa hiyo mwaka unaongezwa siku moja iitwayo Baki, na kwa kuwa haijatimia siku kamili, kila mwaka wa 16 Baki inarukwa. Hesabu inakubali. Nimeona kalenda nyingi za kubuni ambazo ni majina mazuri yaliyobandikwa juu ya Januari hadi Desemba. Hii imejengwa kuanzia msingi.

Na msingi wenyewe ni wa kweli, kwa sababu hakuna kalenda isiyo na baki. Miezi 12 ya mwandamo inapungukiwa na mwaka wa jua kwa siku kama 11. Nairuzi yetu, kalenda ya jua ambayo wakulima na mabaharia wa pwani waliifuata na ambayo Makunduchi bado wanaisherehekea kwa Mwaka Kogwa kila Julai, ina miongo 36 ya siku kumi kumi, halafu zinabaki siku 5. Hata kufungamanisha miezi na sauti kuna wazee wake. China ya kale ilikuwa na sauti 12 za filimbi, kila moja na mwezi wake, na ile ya msingi, huangzhong, ilipewa mwezi wa katikati ya baridi. Kijitabu kinachokuja na kalenda hakigusi hata moja kati ya hayo. Kurasa mbili tu zingetosha.

Majina ya miezi yamechaguliwa kwa upendo: Mvumo, Upatu, Zumari, Mbiu, Siwa, Nderemo, mpaka Kimya, ambao ndio wa mwisho kabla ya Baki. Katika Mbiu madeni yote hutangazwa sokoni kwa baragumu. Katika Kimya wahunzi hawagongi chuma na watu wanapatana bei kwa vidole. Watoto wa dada yangu, ambao wanaandika hadithi zao humo, waliuliza mara moja kuhusu mtoto anayezaliwa mwezi wa Kimya. Kijitabu kina jibu: kilio cha mtoto mchanga hakihesabiwi kuwa kelele, na anayezaliwa mwezi huo ndiye atakayeruhusiwa kupiga sauti ya kwanza siku ya Baki atakapokua. Hapo hadithi tatu zilianza kuandikwa jioni ile ile.

Kasoro sasa, na ni kubwa. Kila ukurasa una msimbo wa kuskani kwa simu ili usikie sauti ya mwezi. Nilisikiliza zote nikiwa na fidla begani. Sauti hizo zimerekodiwa kwa kinanda cha umeme, na kinanda kimepunja kila hatua ya tano kwa karibu senti 2 ili mzunguko ufunge. Ndiyo kazi ya ulinganifu wa kugawa oktava nusu toni 12 zilizo sawa, ambao Zhu Zaiyu wa China aliupigia hesabu kamili mwaka 1584. Matokeo yake, sauti ya Baki ni ile ile do ya mwezi wa kwanza. Siku ambayo kalenda nzima imejengwa juu yake haisikiki! Mtoto akiskani ukurasa wa 13 atasikia kitu alichokwisha kukisikia, na hatajua kwa nini watu wa Mwangwi wanalala nje usiku ule kuisubiri. Hili linaniuma kwa sababu dawa yake ni nyepesi: fidla moja au udi mmoja, chumba kimya, na mtu mwenye masikio.

Ningependa pia ngoma. Mwaka mzima umepangwa kwa sauti za juu na chini, lakini kwenye muziki anayeshika wakati ni mpiga dumbaki. Wiki za Mwangwi hazina mapigo yoyote. Siku saba zinapita zikiwa sawa.

Uchapaji ni mzuri, wino wa buluu nzito haujafifia, ila karatasi imeanza kujikunja kwa unyevunyevu wetu. Wa pwani aitie kwenye fremu.

Kwa anayeandika hadithi za kubuni au anayefundisha watoto muziki, nunua, bei ni halali. Sauti za kwenye simu ziache kwanza. Nimewaandikia vijana kwamba niko tayari kuwarekodia miezi yote 12 na Baki kwa hatua safi, bila malipo, na wamejibu kwamba watakuja Unguja na mashine yao.