Saaho: shati lililoshonwa kabla mwenyewe hajanenepa

Haya, karibuni, vuteni viti. Leo kuna Saaho mezani, ile muvi ya India ya staa Prabhas ya mwaka 2019. Wengi mmeniandikia, "kaka lini utaichambua," na mimi nilikuwa naikwepa, maana kuichambua hii lazima uanzie jikoni, uone ilivyopikwa. Ukianzia mezani utaishia kutukana mpishi tu.

Mara ya kwanza niliiona kibanda umiza, kopi ambayo haijatafsiriwa, maandishi ya Kiingereza yanapita chini mbio kama daladala lililochelewa foleni. Mbele yangu kuna kaka mmoja mtu mzima. Pale steringi anapotupa mkoba kwenye korongo halafu anajirusha kuufuata, anaudaka hewani, anauvaa, kumbe ni parachuti, yule kaka alisimama juu ya benchi akapiga mluzi mpaka masikio yakaniuma. Ukumbi mzima unapiga kelele. Muvi ikaisha, tunatoka nje, akanishika bega: "Dogo, samahani. Yule aliyeuawa mwanzo, ni baba wa nani?"

Saa tatu kasoro kidogo tumekaa mle ndani, na swali analouliza ndiyo hadithi yenyewe! Hakuwa mjinga yule kaka. Muvi ndiyo ilimchanganya, na sababu za kumchanganya zilianza miaka mitano kabla ya siku ile.

Sasa nisikilizeni. Kuna kijana anaitwa Sujeeth. Alianza na filamu fupi za kuweka YouTube, kama vijana wetu hapa. Mwaka 2014 akapewa nafasi na kampuni ya UV Creations, akatengeneza Run Raja Run, muvi ndogo, ya mapenzi na vichekesho na ujanja ujanja kidogo, watu wakaipenda. UV ni watu wa karibu wa Prabhas. Kwa hiyo kijana akapata bahati ambayo wenzake wanaiota: akae na Prabhas, amsimulie hadithi. Prabhas akaikubali.

Ila Prabhas hakuwa na nafasi. Alikuwa kwa mwongozaji Rajamouli, amefungwa na muvi ya Baahubali, na ile kazi ilimla karibu miaka mitano, sehemu mbili. Sujeeth akasubiri. Ya kwanza ikatoka Julai 2015, akasubiri. Ya pili ikatoka Aprili 2017, na hapo ndipo dunia ilipobadilika, maana Baahubali 2 iliingiza zaidi ya krore 1,700 za rupia. Krore moja ni milioni 10, piga hesabu mwenyewe. Mtu aliyekuwa staa wa majimbo mawili ya kusini akaamka asubuhi ni staa wa India nzima.

Mjomba wangu ni fundi cherehani. Aliwahi kuletewa kitambaa na kijana wa mtaani amshonee shati la harusi. Akapima, akakata. Harusi ikaahirishwa mwaka mzima, kijana akapata kazi nzuri, akanenepa. Aliporudi kuchukua shati, mjomba hakuwa na kitambaa cha ziada, ikabidi atie kiraka cha rangi inayokaribiana ubavuni, huku na huku. Shati likaingia. Lakini ukisimama upande unaviona viraka vyote viwili.

Saaho ndiyo hilo shati. Hadithi ilikatwa kwa Prabhas wa 2014, mwili uliokuja kuvaa ni wa 2017. Badala ya kushona upya, wakaongeza vitambaa. Bajeti iliyotajwa mwisho ni krore 350, kwa dola ya wakati ule kama milioni 50. Anayeongoza ni kijana ambaye hii ni muvi yake ya pili maishani.

Kiraka cha kwanza ni lugha. Zamani Watelugu, watu wa kusini kwao Prabhas, walikuwa wanatengeneza kwa lugha yao ya Kitelugu halafu wanaingizia sauti za Kihindi, basi. Safari hii soko la Kihindi limekuwa kubwa, kwa hiyo wakapiga picha kwa lugha zote mbili. Yaani onyesho la maongezi unalicheza kwa Kitelugu, unafuta jasho, unarudi kulicheza kwa Kihindi. Shraddha Kapoor, mpenzi wa steringi humu, Kihindi ndiyo lugha yake, ila Kitelugu hakuwahi kukigusa, hii ndiyo ya kwanza kwake. Prabhas kinyume chake. Kwenye Baahubali ya Kihindi alisemewa na mtu mwingine, hapa akaamua kusema mwenyewe. Nampongeza kwa kuthubutu. Lakini sikiliza toleo la Kihindi ukiwa na hedifoni: kuna mahali anatamka kama mtu anayesoma kibao cha barabarani huku gari linatembea. Kwa muvi ya mapenzi hiyo ni hasara kubwa, maana mwanaume anayetongoza hatakiwi kusikika anawaza neno linalofuata.

Kiraka cha pili ndicho mnachokipenda. Abu Dhabi, mwaka 2018. Kule wakati ule serikali ilikuwa inawarudishia watengeneza filamu asilimia 30 ya wanachotumia, kwa hiyo Wahindi walikuwa wanakwenda sana. Wakamchukua Kenny Bates, Mmarekani wa hatari, mtu ambaye kazi yake tangu zamani ni kulipua na kuangusha vitu. Na Bates anataka vitu halisi. Magari ya kuchora kwenye kompyuta hakuyataka. Hesabu iliyotajwa wakati ule ni magari 37 na malori 5 yaliyovunjwa. Si ya kuigiza, ni vyuma.

Siku ya kuzaliwa Prabhas mwaka huo, Oktoba 23, wakatoa kipande cha video kinachoonyesha walivyopiga picha kule. Mimi nilikirudia mara nyingi kuliko muvi yenyewe, sioni aibu kusema. Unaona gari linarushwa, linageuka hewani, linatua kwa ubavu, vumbi la jangwa linainuka taratibu, halafu watu wa kamera wanapiga makofi kama wametoka msikitini siku ya Idi. Uso wa Prabhas pale ni wa mtoto aliyeletewa baiskeli.

Binamu yangu yuko Abu Dhabi, dereva wa lori. Ndani ya muvi ule mji wanauita Waaji, mji wa kubuni wa majambazi matajiri. Alipoiona akanipigia simu usiku: "Wewe, hii Waaji yenu mbona ndiyo huku kwangu?"

Sasa angalieni kitu. Onyesho lile la magari lina uzito. Lori linapolala unalisikia tumboni. Halafu nenda mbele, kule steringi anapopaa na mashine mgongoni katikati ya maghorofa. Wepesi! Karatasi! Ni mtu yuleyule, muvi ileile, lakini jicho linakataa. Hii haihitaji elimu kubwa. Muvi ilipangwa kutoka Agosti 15, 2019, siku ya uhuru wa India, sikukuu ya kukata tiketi. Julai wakatangaza haiko tayari, kazi ya kompyuta haijakamilika, wakaisogeza hadi Agosti 30. Wiki mbili! Kazi ambayo haijaiva, wiki mbili zitaivisha nini? Fedha na muda viliishia kwenye vyuma, kompyuta ikapewa makombo.

Na kusogea kwa tembo kunavunja miti. Wenye muvi nyingine waliokuwa wamejipangia tarehe ile wakahama. Chhichhore ikasogea hadi Septemba 6. Na kwenye Chhichhore nani yumo? Shraddha Kapoor huyohuyo! Muvi ya wanafunzi wa chuo, gharama ndogo, ikakimbia yenyewe vizuri sana, na waliotoka kuiangalia walijua nani ni baba wa nani.

Muziki, hapa pana mambo. Wale watatu, Shankar, Ehsaan na Loy, ndio waliokuwa wameshika nyimbo. Mei 2019, miezi mitatu kabla ya muvi kutoka, wakajitokeza hadharani wakasema wamejitoa. Watayarishaji walitaka kuchanganya nyimbo za watu wengine, wao hawakutaka. Kwa hiyo mwishoni mpishi wa kila wimbo ni mwingine: Tanishk Bagchi huku, Guru Randhawa kule, Badshah pale, na muziki wa nyuma ya picha akapewa Ghibran. Ghibran kafanya kazi yake, sina neno. Nyimbo je? Unaangalia polisi wanawinda, pum, umetupwa milimani Austria watu wanakumbatiana. Unarudi kwenye hadithi, pum, Jacqueline Fernandez anacheza "Bad Boy" na hujawahi kumwona wala hutamwona tena. Ni wimbo mtamu, nausikiliza kwenye bodaboda. Ila pale ulipo ni kama mtu aliyeingia nyumba siyo kwenye shughuli, akala, akaondoka.

Mapenzi yenyewe sasa, maana hii inauzwa kama muvi ya mapigano na mapenzi. Natoboa siri kuanzia hapa, kama hujaiona simamisha video. Amritha, yaani Shraddha, ni afisa wa polisi Mumbai. Anaingizwa vizuri, ana bastola, ana msimamo. Ashok, yaani Prabhas, anamtupia jicho, na dakika chache baadaye yule afisa kageuka mtu wa kuokolewa. Kila hatari inamngoja steringi afike. Halafu katikati muvi inapinduka: polisi tuliyemwamini ndiye mwizi, na mwizi tuliyekuwa tunamwinda, Neil Nitin Mukesh, ndiye polisi. Mpinduko mzuri, nasema kweli, pale kichwa kilinizunguka kwa raha. Lakini fikiria mwanamke aliyedanganywa kiasi hicho na mwanaume anayempenda. Hapo ndipo mapenzi yangeanza kuwa na maana. Anapewa muda gani wa kuumia? Hapewi. Kuna gari lingine linasubiri kulipuka.

Na baba? Ndiyo, Roy, Jackie Shroff, bosi wa Waaji, anauawa mwanzoni. Anayejulikana kama mtoto wake anatokea kudai kiti, kila mtu anadai chake, kuna kisanduku cheusi cha kufungulia hazina, watu kumi wenye suti wanagombana, na siri kwamba mtoto halisi wa Roy ni steringi wetu inafichwa mpaka mwisho kabisa. Imefichwa vizuri mno hata anayetakiwa kuigundua keshachoka. Ilipotoka tu, Mfaransa Jérôme Salle, aliyeongoza Largo Winch ya 2008, akaandika Twitter kwa kejeli akiwaambia waongozaji wa Kitelugu kwamba wakimwibia kazi, angalau waibe vizuri. Tajiri kauawa, mtoto wa siri anarudi, mfupa unafanana kweli. Ila mimi sigombani na mfupa. Nagombana na nyama.

Sokoni matokeo yalikuwa ya ajabu. Siku ya kwanza watayarishaji walitangaza zaidi ya krore 130 dunia nzima, na jumla ikapita 400. Toleo la Kihindi peke yake likavuka 140 India. Kaskazini walikula, lakini kule nyumbani kwa Kitelugu, waliokuwa wamenunua haki za kusambaza kwa bei ya Baahubali wakabaki wameshika vichwa. Sujeeth akakaa kimya miaka, akarudi 2025 na OG ya Pawan Kalyan, watu wakajaa kumbi. Kwa hiyo kijana uwezo anao. Alivishwa mzigo mapema.

Bidhaa yenyewe, unaitaka au huitaki? Kama unataka picha na magari, chukua, tena uangalie kwenye skrini kubwa yenye spika za maana. Simu itakuibia. Kama una lugha, au unasoma maandishi haraka, chukua toleo la Kitelugu, Prabhas ni mtu mwingine kabisa akiwa nyumbani kwake. Nyimbo ruka, utazisikiliza baadaye. Mimi naipa tano kwa kumi, na nne kati ya hizo ni za Abu Dhabi.

Ila kuna toleo la tatu. Mwaka jana nimeiona tena mtaani, safari hii imetafsiriwa na DJ. Dakika za mwanzo tu, Prabhas ndiyo anatokea, DJ akasema bila haya: "Sasa huyu mwenye ndevu mwekeni akilini, huyu ndiye mtoto wa marehemu, wenyewe hawajui." Kaichoma siri yote ya saa tatu kwa sentensi moja! Na unajua nini? Muvi ikaeleweka. Kila anapotabasamu mbele ya wale wenye suti, ukumbi unacheka, kwa sababu tunajua wao hawajui. Kazi ambayo mwandishi aliifanya miaka mitano, DJ kairekebisha kwa kipaza sauti na feni moja.

Natoka pale, namkuta yule kaka wa mluzi anakunywa kahawa nje. Nikamsalimia, nikamwambia, kaka, lile swali lako, yule alikuwa baba yake steringi. Akafikiri kidogo. "Kumbe. Na yale magari, yalikuwa ya kweli?" Nikamwambia 37, na malori matano. Akaweka kikombe chini, akatazama bajaji yake iliyoegeshwa pale, kioo cha pembeni kimefungwa kwa mpira wa baiskeli.

"Thelathini na saba," akasema. "Wangeniachia moja."