Oili ya pampu ya mashine ya presha: uzoefu wangu

Mashine yangu ya kuoshea kwa presha ni ya petroli, na pampu yake ni ya pistoni tatu. Mashine ya namna hii hutumia oili mbili: ya injini na ya pampu, kila moja na mahali pake. Ya injini haina maneno mengi. Natumia SAE 30 (namba ya uzito wa oili) kwa kuwa naosha zaidi wakati wa joto. 10W-30 nayo inakubalika, ila injini hizi ndogo zinazopozwa kwa hewa huila haraka zaidi joto likipanda.

Ninayotaka kuisifia ni ya pampu: SAE 30 tupu, isiyotiwa kemikali za kusafishia, kama kijitabu cha mashine kilivyoagiza. Fundi aliniambia nimimine oili yoyote ya gari, yote ni mafuta. Sikumsikiliza. Oili ya gari hutiwa kemikali za kuushika uchafu usitulie, uende ukanaswe na filta. Pampu yangu haina filta. Tena kemikali hizo huyashika hata maji yanayopenya kwenye sili (mipira ya kuzuia maji), yakachanganyika na oili. Oili tupu huyaacha maji yatuame chini, yatoke siku ya kumwaga. Wapo watengenezaji wanaoruhusu 15W-40 au 20W-50, kwa hiyo fuata kijitabu cha pampu yako, si changu.

Kuibadilisha ni kazi nyepesi. Niliwasha mashine kidogo, maji yakiwa yamefunguliwa, ili oili ipate joto na kulegea. Nikazima, nikabinya bastola ya kurushia maji kutoa presha iliyobaki, nikachomoa waya wa plagi, kisha nikafungua bolti ya chini. Oili ya kiwandani ilitoka ya kijivu, yenye vumbi la chuma la vyuma vipya vinavyozoeana. Ndiyo maana pampu nyingi huagizwa zibadilishwe oili baada ya saa 50 za kwanza. Nilijaza mpaka katikati ya kioo cha pampu kinachoonyesha kiwango cha oili, basi. Ukizidisha itatafuta pa kutokea, na mara nyingi ni kwenye kifuniko chenye tundu la kupumulia.

Tangu hapo oili imebaki angavu kiooni. Ingegeuka rangi ya chai ya maziwa ningejua maji yameingia, na hapo dawa ni kukagua sili. Kubadilisha oili peke yake hakusaidii.

Lawama yangu ni kwa chupa: shingo fupi na pana, wakati tundu la pampu limejificha chini ya fremu. Bila bomba la sindano utamwaga nusu nje. Pia si kila duka la vipuri lina oili hii. Wengi watakupa ya gari na kuapa ni ileile.

Mwenye mashine ndogo ya umeme aangalie kwanza kama pampu yake ina tundu la kujazia. Nyingi zimefungwa kabisa kiwandani, na chupa hii haitamfaa kitu.