PCSX2 kwenye kompyuta ya mtumba: uzoefu wangu wa kuihamishia PS2 kwenye kompyuta

Kwa mwenye haraka: PCSX2 ni emuleta ya PlayStation 2, yaani programu inayoiigiza mashine hiyo kwenye kompyuta, ni ya bure, inafanya kazi, na programu yenyewe si sehemu inayochosha. Kuisakinisha kunamalizika kabla chai haijapoa. Kinachokula jioni zako ni kuitoa BIOS (programu ndogo inayoiamsha mashine) kwenye PS2 yako mwenyewe na kuzitoa gemu kwenye CD kabla mikwaruzo haijazimaliza. Wengi walioniambia "nilijaribu ikanishinda" walikwamia hapo, kisha lawama wakaitwika programu.

PS2 yangu ni ile nyembamba, SCPH-77004. Bado inawaka, ila miaka imeshaichosha lenzi: gemu hii inaisoma, ile inaikataa. Mashine hizi ziliacha kutengenezwa mwanzoni mwa 2013, na lenzi zinazouzwa madukani sasa ni za kubahatisha. Nikaona heri nihamie kwenye kompyuta wakati mashine bado ina uhai wa kunisaidia kuhama. Hilo la mwisho ni muhimu, nitalirudia chini.

Kompyuta yenyewe ni ya mezani, zile zinazotoka maofisini Ulaya na kuishia Kariakoo: Core i5 ya kizazi cha nne, RAM ya GB 8, SSD ndogo. Haina kadi ya michoro ya pembeni. Picha zote zinachorwa na Intel HD Graphics 4600 iliyomo ndani ya prosesa. Naitaja hivyo kwa sababu tathmini nyingi za emuleta zinaandikwa na watu wenye mashine za mamilioni, halafu wanasema "inateleza tu". Ya kwao itateleza, kwa nini isiteleze?

Watu hushangaa kompyuta ya GHz 3 inahangaika nini na mashine ya mwaka 2000. Prosesa kuu ya PS2, Emotion Engine, ilikwenda kwa takriban MHz 294 tu, na RAM ilikuwa MB 32. Lakini ndani ya boksi lile kulikuwa na kundi zima linalofanya kazi kwa pamoja: kiini kikuu, vitengo viwili vya hesabu vinavyoitwa VU0 na VU1, prosesa ya pembeni ya kushughulikia padi na sauti, na chipu ya picha, GS, yenye MB 4 za kumbukumbu yake ya kasi kubwa humohumo ndani. Waliotengeneza gemu walivitumia vyote kwa wakati mmoja, kila studio na ujanja wake. Emuleta inapaswa kutafsiri amri za kila kimoja ziwe za prosesa yako, na kuhakikisha hakuna anayemtangulia mwenzake. Ndiyo maana wingi wa koo (core, yaani viini) za prosesa hausaidii sana hapa. Kinachohesabika ni nguvu ya koo moja moja, na i5 ya zamani ya GHz 3.3 inaweza kuishinda laptop mpya ya bei rahisi.

Jambo la kuangalia kabla ya yote ni toleo. Toleo la 2.0 lilitoka Julai 2024, na kabla yake toleo imara lilikuwa 1.6 la mwaka 2020. Kati ya hayo mawili mambo yalibadilika kabisa. Zamani ulikuwa unachagua plagini (kiprogramu cha nyongeza) ya picha, plagini ya sauti, plagini ya padi. Sasa zote zimeunganishwa ndani na sura ya programu ni mpya. Kwa hiyo ukifungua video ya maelekezo ukamsikia mtu anataja plagini, achana nayo, atakupoteza. Toleo jipya linataka Windows 10 au zaidi ya biti 64 na prosesa yenye SSE4.1, ambayo ni seti ya amri za prosesa. Linapatikana pia kwa Linux na Mac. Pakua kwenye tovuti yao wenyewe, pcsx2.net. Ukichukua lile faili la kufungua bila kusakinisha na Windows ikalalamika kuhusu VCRUNTIME, inachotaka ni kifurushi cha Visual C++ cha Microsoft, nacho ni cha bure.

Sasa BIOS. Hii ni programu ndogo ya MB 4 iliyomo ndani ya kila PS2, ndiyo inayoiamsha mashine. PCSX2 haiji nayo, na haitakuja nayo, kwa sababu ni mali ya Sony kisheria. Emuleta yenyewe haina ubaya huo. Huko Marekani, Sony waliwahi kuishtaki kampuni ya Connectix kwa emuleta yao ya PlayStation ya kwanza, na mwaka 2000 mahakama ya rufaa iliamua kwamba kuichunguza BIOS ili kutengeneza programu mpya ni matumizi halali. Kuichukua BIOS yenyewe na kuigawa mtandaoni ni habari nyingine, mbali na virusi vinavyofungashwa humo. Itoe kwenye mashine yako.

Unahitaji memori kadi iliyowekwa Free McBoot, programu inayoiwezesha PS2 kufungua programu za nje. Kwangu kijana mmoja fundi wa simu na gemu alikuwa nayo droani, ya enzi zile watu walipokuwa wakichezea gemu kwenye hadi diski, akaniuzia kwa bei ya soda mbili tatu. Ukichomeka kadi hiyo na kuwasha PS2 bila CD, inakuletea menyu yake badala ya ile ya kawaida. Hapo unafungua programu iitwayo biosdrain uliyoiweka kwenye flashi, nayo inaandika BIOS kwenye flashi hiyohiyo. Flashi iwe FAT32, la sivyo mashine haitaiona. Tundu za USB za PS2 ni za 1.1, zinakwenda kwa kasi ya konokono, lakini kwa faili dogo hivi utavumilia. Angalizo: mashine za mwisho, SCPH-90000 na kitu, nyingi zilizibwa hazikubali Free McBoot. Kwa hizo kuna njia nyingine inayoitwa OpenTuna.

Ndiyo nilichomaanisha niliposema mashine iwe bado na uhai. Lenzi ikifa kabisa BIOS bado unaipata kwa njia hii, maana haihitaji CD. Ila ikizima moja kwa moja, umebaki huna BIOS iliyo yako.

Gemu nazo zilinichelewesha kuliko nilivyotarajia. Tuseme ukweli wa kwetu: CD nyingi tulizokua nazo zilikuwa za kuchoma, mashine zote mtaani zilikuwa zimechipuliwa (zimewekwa chipu ya kusoma CD za kuchoma), na hakuna aliyejua original inafananaje. Mimi ninazo original chache, mjomba alikuwa akizileta kila akija likizo kutoka Muscat. Hizo nilizisoma kwa drivu ya DVD ya kompyuta na programu ya ImgBurn, ikatoa faili la ISO, yaani nakala ya diski nzima. Gemu ya kawaida haizidi GB 4.7. God of War II ni ya tabaka mbili, inazidi hapo. Zenye mgongo wa bluu ni CD, si DVD, na hizo zinatoka kama faili za BIN na CUE. Zile za kuchoma nilizojaribu, rangi yake imeshafifia na drivu inazunguka bila kufika popote. Nimezitupa. Ukiwa na ISO, unaweza kuzibana ziwe CHD kwa chdman, na PCSX2 inazifungua hivyohivyo. Kwa SSD ya GB 240 kama yangu, hiyo ni nafuu ya kweli.

Baada ya hapo kuiseti ni kama mchezo wa watoto. Ukiifungua mara ya kwanza inakuongoza: lugha, rangi ya programu, BIOS iko wapi, folda ya gemu iko wapi, padi. Padi ya PS4 kwa waya iliitambua yenyewe, nikabonyeza kuweka vitufe moja kwa moja, basi. Padi ya bei chee isiyo na jina ilibidi niiwekee kitufe kimoja kimoja, na L3 na R3 zake hazikukubali kabisa. Kosa ni la padi.

Kwenye uchezaji, ushauri wangu ni mmoja: usiguse kitu mpaka uone tatizo. Nimeona watu wanafungua mipangilio na kuwasha kila kisanduku wanachokikuta, halafu wanauliza kwa nini picha inapasuka. Washa tu vipimo vya kwenye skrini. Vitakuonyesha kasi kwa asilimia, na pembeni EE (Emotion Engine), VU na GS kila kimoja kinavyolemewa. Kasi ikishuka chini ya 100 huku EE iko juu karibu na 100, prosesa yako imefika mwisho, na kupunguza ubora wa picha hakutasaidia chochote. Kama EE imetulia na upande wa picha ndio umejaa, shusha ubora wa picha kutoka mara 3 ya ule wa PS2 kwenda mara 2 au mara 1. Ukilielewa hilo tu umeshamaliza nusu ya maswali yanayoulizwa kuhusu emuleta hii.

Kwangu GTA San Andreas na PES 6 zinakwenda vizuri kwa ubora wa mara 2, na kwenye runinga ya inchi 32 tofauti na PS2 yenyewe inaonekana waziwazi, mistari ya nyasi uwanjani na majina ya mgongoni yanasomeka. God of War II nairudisha mara 1, na bado kwenye mapigano makubwa inashuka. Shadow of the Colossus sikuifurahia kabisa kwenye mashine hii. Gemu ile hata PS2 yenyewe ilikuwa ikiihangaisha, sembuse prosesa inayoigiza.

Kitu ambacho sikukitegemea ni kasi. Mashine za ukanda wetu ni za PAL, picha 50 kwa sekunde. Za Marekani na Japani ni karibu 60. Ukicheza gemu za toleo la Marekani ulizozizoea kwa PAL, mkono unaona tofauti kabla ya jicho.

Kuseva ndiko nilikoipenda zaidi. F1 inahifadhi hapo hapo ulipo, F3 inakurudisha, F2 inabadilisha nafasi. Kwa mtu ambaye umeme unakatika bila taarifa na hana UPS, ni baraka. Lakini usizitegemee hizo peke yake. Ukisasisha programu, mara nyingi zile ulizohifadhi kwa toleo la zamani hazifunguki. Seva pia ndani ya gemu, kwenye memori kadi ya bandia. Na kadi yako ya kweli usiitupe: ile Free McBoot ina uLaunchELF, inanakili seva zako kwenda kwenye flashi, na programu ya mymc inaziingiza kwenye kadi ya PCSX2. Master League yangu ya PES 6 imefunguka na wachezaji walewale, na fedha zilezile ambazo nilikuwa nazibania nani ajuaye kwa ajili gani.

Kasoro zipo. Menyu za mipangilio ni nyingi mno na maneno yake ni ya kitaalamu. Baadhi ya gemu hutoa mistari ya ajabu mara tu ukipandisha ubora, na dawa yake inategemea gemu, hakuna ya jumla. Gemu za PlayStation ya kwanza usizilete huku, DuckStation inazifanya vizuri zaidi. Na wanaouliza kuhusu simu: AetherSX2, iliyojengwa juu ya PCSX2, mwandishi wake aliacha kuiendeleza mwaka 2023, kwa hiyo huko hali si ya kutulia kama kwenye kompyuta.

Kilichobaki kwangu ni padi ya pili. Kwa sasa mdogo wangu anacheza kwa kibodi, na PES ananifunga hivyohivyo.