Uchungu usioisha: mshauri wa hospitali au watu wa jumuiya?

Matanga yakishaisha na wageni wakarudi makwao, ndipo uchungu unapoanza kazi. Kigoma mjini mabishano ni yaleyale: uende hospitali ya Maweni kwa mshauri nasaha, au ukae na watu wa jumuiya?

Kwa gharama jumuiya inashinda, haina nauli wala kadi. Anayetoka Kalinzi apige hesabu ya kwenda na kurudi kila kikao.

Usiri ndio hoja yenyewe. Kipigo cha mume ukikisema kikundini Ujiji, kesho kiko sokoni Mwanga. Mshauri anabanwa na maadili ya kazi. Ila akihamishwa unaanza upya, wakati mama wa jumuiya anakuja usiku, anakuta hujala, anasonga ugali.

Unalala, unakula, ila upweke unakusumbua? Jumuiya inatosha. Usingizi na kazi vikivurugika zaidi ya wiki 2, anzia hospitali. Ukipewa dawa za sonona, yaani ugonjwa wa huzuni nzito, kwa kawaida huchukua wiki 2 hadi 4 kuonyesha nafuu. Wengine huziacha mapema kwa sababu ya madhara kama mdomo kukauka. Kabla ya kuziacha, rudi kwanza kwa daktari. Ukiwaza kujiua, hapo hakuna kulinganisha: nenda leo, na mtu wa kukusindikiza.