Fainali ya mwaka huu iko TBS: tazama hii kabla hujalipia chochote

Haya wapendwa, karibuni tena. Leo utangulizi sina, maana kuna jambo la March Madness, yale mashindano ya kikapu ya vyuo vya Marekani, linanichoma tangu juzi. Ndugu yetu mmoja hapa hapa Columbus, Ohio, kanipigia simu, ana furaha kweli kweli: "Kaka, nimeshalipia Paramount+, March Madness yote ninayo mkononi." Nikamuuliza, na fainali utaitazamia wapi? Akanijibu, si hapo hapo, chaneli ya CBS, maana Paramount+ ndiyo huduma ya mtandao inayoirusha. Nikamwambia kaka, mwaka huu wewe safari yako inaishia robo fainali.

Alinyamaza. Na najua hayuko peke yake, ndiyo maana nimewasha kamera.

Nisikilizeni vizuri. Mashindano ya kikapu ya vyuo kwa wanaume yanarushwa na CBS wakishirikiana na kampuni ya Turner, yaani chaneli za TNT, TBS na truTV, tangu 2011. Na tangu 2016 nusu fainali na fainali wanapokezana. Mwaka witiri, CBS. Mwaka shufwa, TBS. Mwaka jana 2025 kule San Antonio, Florida walipomfunga Houston 65 kwa 63, ilikuwa CBS, ukiwa na antena ya dirishani umeiona bure kabisa. Mwaka huu 2026 ni Indianapolis, tarehe 4 na 6 Aprili, na zamu ni ya TBS. TBS haishikwi na antena. TBS haimo Paramount+. Andika kwenye karatasi, bandika kwenye friji: witiri CBS, shufwa TBS.

Mambo ya timu 68, mechi 67, ukishindwa unakwenda nyumbani, nayaruka, mnayajua. Twende kwenye kilichonileta.

Ngoja nigeuze kamera muone TV yangu. Hii ni inchi 55, ya kawaida tu. Hapa nimefungua YouTube TV, huduma ya kulipia chaneli za TV kupitia mtandao, na ninachotaka kuwaonyesha wao wanakiita multiview. Walikileta Machi 2023, na tangu siku hiyo Alhamisi ya kwanza ya mashindano imekuwa sikukuu nyumbani kwangu. Tazameni. Nabonyeza hapa... naam. Skrini imegawanyika mara nne. Mechi nne, zote ziko hewani sasa hivi. Wiki hii ni mashindano ya konferensi, yaani ya kila kundi la vyuo kivyake, kwa hiyo tuna cha kujaribia.

Sasa tazameni hii fremu. Imezunguka boksi la juu kushoto, na mnasikia sauti ya mechi hiyo. Nikisogeza rimoti kulia, sikiliza... umesikia? Sauti imehama. Mtangazaji mwingine, uwanja mwingine. Nashuka chini, imehama tena. Hakuna kusubiri, hakuna kiduara kinachozunguka. Narudia, maana hapa ndipo pesa yangu inapokwenda: kulia, chini, kushoto, juu. Mechi nne kwa kidole gumba kimoja.

Halafu hii. Boksi la chini kulia, wamebakiza dakika moja na sekunde kadhaa, tofauti ni pointi mbili. Nabonyeza katikati: mechi imejaa skrini nzima. Natazama mitupio huru, nimeridhika, nabonyeza kurudi, nimerudi kwenye nne zangu palepale nilipoziacha. Na hizi picha nne wanaziunganisha huko huko kwao, TV yako inapokea mkondo mmoja tu. Ndiyo maana hata kale kakifaa kadogo ka kuchomeka nyuma ya TV kanamudu bila kuganda. Nimejaribu kwenye TV ya chumbani kwa mama mkwe, ya zamani ile, inakwenda.

Kwa nini napiga kelele hivi kwa maboksi manne? Kwa sababu Alhamisi tarehe 19 Machi na Ijumaa tarehe 20 zinapigwa mechi kumi na sita kila siku, na zinapishana kwenye chaneli nne. CBS, TNT, TBS, truTV. Chaneli nne, maboksi manne. Zinaingia kama zilipimwa. Timu ndogo ikianza kumtoa jasho mkubwa kwenye truTV, chaneli ambayo mwaka mzima huikumbuki, wewe unaiona ikitokea. Husubiri binamu akutumie ujumbe.

Naomba niseme la truTV hapo hapo. Kuna watu wanaifuta kwenye orodha yao ya chaneli kwa kuwa miezi mingine haina chochote wanachokitaka. Irudisheni! Mechi za kwanza kabisa, zile nne za Dayton tarehe 17 na 18, makao yake ni truTV. Dayton kutoka hapa kwangu ni mwendo wa saa moja na kidogo kwa gari, na tunao ndugu wengi wa Kongo wanaoishi pale. Mkiwa na nafasi, nendeni uwanjani kabisa.

Kasoro ya multiview ninayo. Maandishi ya alama ni madogo. Kwenye inchi 55 nasoma nikiwa kwenye kochi. Kwenye inchi 32 utainuka kila dakika kwenda kuchungulia, na aliyeko nyuma yako atakugombeza. Basi. Kasoro nyingine kubwa ni bei ya YouTube TV, dola 82 na senti 99 kwa mwezi, na hiyo ni kabla ya kodi. Inauma. Mimi naitoa, lakini inauma.

Sasa washindani wa YouTube TV. Mtaniuliza habari za Fubo. Fubo ni nzuri kwa kandanda, ila tangu 2020 hawana TNT, TBS wala truTV. Kwa mashindano haya, na hasa mwaka huu wa shufwa, maana yake huna fainali. Sling ni kinyume chake: chaneli za Turner wanazo, CBS hawana. Kwa hiyo Sling pamoja na antena ya dola ishirini hivi, inawezekana, na mwaka huu fainali unaipata. Hulu yenye chaneli za laivu ina zote nne. Niliitumia msimu mmoja, sina neno baya juu yake, nilichokosa ni maboksi yangu tu.

Tukija kwa asiyetaka kifurushi kikubwa. Juzi nilikaa na kalamu na karatasi nikapiga hesabu. Paramount+, kile kifurushi cha juu chenye CBS mubashara, dola 13.99. HBO Max ndiyo yenye mechi za TNT, TBS na truTV, lakini sikilizeni: usichukue kile cha bei ya chini chenye matangazo, michezo ya laivu waliiondoa humo tangu mwisho wa Machi 2025. Chukua cha kati, dola 18.49. Jumla dola 32 na senti 48. Mashindano yanaanza tarehe 17 Machi, yanakwisha tarehe 6 Aprili. Siku 21! Mwezi mmoja wa malipo unatosha, ukijiandikisha tarehe 17 yenyewe na siyo leo kwa pupa. Na siku unayojiandikisha, siku hiyo hiyo weka alamu kwenye simu ya kufuta usajili.

Sasa nikiitazama hiyo 32.48 ikiwa kando ya ile 82.99, nakiri moyo unayumba. Nilipopanga video hii nilikuja kuwaambia mchukue YouTube TV, tumalize. Lakini mwenye watoto watatu na kodi ya nyumba, na anayetazama mechi moja moja usiku akitoka zamu ya ghala, huyo maboksi manne ya nini? Huyo achukue hizo mbili, na antena aweke dirishani.

Antena nayo, ngoja. Hii hapa, bapa kama karatasi. Msiiweke nyuma ya TV! Nimeingia nyumba nyingi za watu nikakuta imebanwa kati ya TV na ukuta, halafu wanalalamika haikamati. Ibandikeni kwenye kioo cha dirisha linaloelekea mjini, kisha fanyeni utafutaji wa chaneli upya. Hapa Columbus CBS ni namba 10, ABC ni namba 6. Picha ya antena ni safi kuliko ya mtandao, na inafika mapema.

Hilo la kufika mapema nimelipata mwenyewe. Msimu mmoja nilikuwa na programu fulani ya mtandao, jina siitaji. Shemeji anakaa ghorofa ya chini, ana antena. Sekunde za mwisho, mimi kwangu mchezaji bado anadunda mpira katikati ya uwanja, nasikia kutoka chini: "Weeeee!" Sakafu inatikisika. Nikajua imeingia. Nimekaa natazama mpira ambao majibu yake ninayo. Baadaye tukapimana kwa simu, nilikuwa nyuma karibu nusu dakika. Programu zote za mtandao zina ucheleweshaji wa aina hiyo, zinatofautiana kiasi tu. Kwa hiyo kama mna kundi la WhatsApp la kikapu, zimeni arifa mpaka mechi iishe. Hilo nawasihi.

Na kuna wale wanaoniambia, kaka, si kuna programu ya March Madness Live yenyewe? Ipo, na ni nzuri, ratiba na matokeo yamepangwa vizuri sana. Lakini inakuonjesha kwa muda, kisha inakudai uingie na akaunti ya huduma ya TV unayolipia. Haiwi njia ya peke yake.

Akina dada mlioniandikia chini ya video iliyopita, sijawasahau. Mashindano ya wanawake ni kampuni nyingine kabisa: ESPN na chaneli zake, na fainali ni ABC. Mwaka huu ni Phoenix, tarehe 5 Aprili. ABC ni ya antena, bure, kila mwaka, bila hesabu za witiri na shufwa. Na msidhani ni jambo dogo. Mwaka 2024 fainali ya South Carolina na Iowa ilitazamwa na watu karibu milioni 19, ya wanaume ikapata milioni 14.8. Mara ya kwanza wanawake kuwapita. Na mwaka ule ya wanaume ilikuwa wapi? TBS. Ya wanawake ilikuwa ABC. Mlango ukiwa wazi, watu wanaingia.

Kwa mechi za raundi za mwanzo mnahitaji ESPN. Sasa wanaiuza peke yake bila kifurushi, dola 29.99 kwa mwezi, tangu Agosti mwaka jana. Ukiwa na YouTube TV imo ndani. Ila mnakumbuka Novemba? ESPN na ABC zilitoweka YouTube TV karibu wiki mbili kwa sababu kampuni zilikuwa zinagombania pesa. Ugomvi huo ulimalizika tarehe 14, lakini sisi tunaolipa kila mwezi ndio tuliokaa na skrini tupu. Ndiyo maana nasema antena iwepo nyumbani hata kama unalipia kila kitu.

Mlioko nyumbani, Mwanza, Mombasa, Goma: hizi huduma nilizozitaja leo ni za ndani ya Marekani. Yenu naiandaa, itatoka kabla ya tarehe 19. Saa nawapa kabisa, ni za Mwanza na Mombasa, wa Goma punguzeni saa moja: mechi za kwanza za Alhamisi ni baada ya saa moja usiku, muda mzuri kabisa wa chakula. Fainali ni karibu saa kumi alfajiri ya Jumanne. Mnaoipenda mtaamka.

Na mna sababu ya kuipenda. Hasheem Thabeet wa Dar es Salaam alifika nusu fainali na UConn, chuo cha Connecticut, mwaka 2009, akachaguliwa wa pili kuingia NBA. Enzi hizo CBS ndiyo iliyokuwa ikiamua eneo lako lione mechi ipi, ukiangukia nje umeikosa kwenye TV ya kawaida. Oscar Tshiebwe wa Lubumbashi, mchezaji bora wa vyuo wa mwaka 2022 akiwa chuo cha Kentucky, aliweka pointi 30 na ribaundi 16, na bado Saint Peter's, timu ndogo iliyopangwa namba 15, wakawatoa kwenye muda wa nyongeza. Mechi kama ile ndiyo inayonifanya nigombanie boksi la nne.

Niandikieni hapo chini mna huduma gani na mko jimbo gani, nitawajibu moja moja ni nini mnakosa. Tarehe 19 tutakuwa laivu hapa mchana kutwa, bonyezeni kengele. Sasa naomba niwaache, boksi la chini kulia wamebakiza sekunde kumi na mbili na mpira wanao... ngoja niijaze skrini.