Khukuri ya askari wa Gurkha: tathmini ya zana, si ya pambo

Weka khukuri ya jeshi, kisu kizito kilichopinda cha Nepal, mezani kando ya panga la shamba. Kwanza utaiona fupi. Bapa lina sentimita 26 au 27, na pamoja na mpini haizidi sana sentimita 40, ilhali panga la kawaida linapita hapo bila shida. Sasa inua kimoja kimoja. Panga ni jembamba tangu mpini hadi ncha. Khukuri ina mgongo wa milimita 8 na zaidi pale bapa linapoanzia, unaopungua polepole kuelekea ncha, na uzito wake wote umesukumwa mbele, kwenye tumbo pana lililo baada ya kona. Ndiyo maana kitu kifupi hivi kinaangusha tawi nene kama kigasha cha mtu mzima kwa mapigo machache. Panga hutegemea kasi ya mkono. Khukuri hutegemea uzito wake yenyewe.

Askari wa Gurkha, yaani Wanepali walioandikishwa katika jeshi la Uingereza, siku hizi hupewa mbili: Namba 1 ya gwaride na Namba 2 ya mazoezi. Wahunzi wa Nepal huwauzia pia raia khukuri za mtindo huohuo, na hizo ndizo zinazopimwa hapa. Kwa kazi, chukua Namba 2 au yoyote ambayo mkia wake, yaani chuma kinachoingia kwenye mpini, ni mpana na umebanwa kwa ribiti. Ile inayong'aa kama kioo ni ya kuvaliwa kwenye sherehe, na ukiipeleka porini utaiharibu bure.

Historia ya silaha hii ni sehemu ya tathmini, kwa sababu bila kuijua huwezi kumjua muuzaji mwongo. Waingereza wa Kampuni ya India ya Mashariki walipigana na ufalme wa Gorkha, yaani Nepal ya wakati ule, kuanzia 1814 hadi 1816. Kwenye ngome ya Nalapani, karibu na Dehradun, jenerali wao Gillespie aliuawa, na watu wachache wa Balbhadra Kunwar wakawazuia kwa wiki kadhaa. Kabla vita havijaisha, mwaka 1815, Waingereza walikwisha anza kuwaandikisha haohao waliokuwa wakipigana nao. Hivyo ndivyo vilivyozaliwa vikosi vya Nasiri, Sirmoor na Kumaon, na kufikia mwanzo wa karne ya 20 rejimenti zilikuwa 10. Kila moja ilikuwa na namba na nembo yake, na nyingi ziliweka khukuri kwenye nembo.

Hapo ndipo pa kushika. India ilipopata uhuru 1947, rejimenti ziligawanywa: ya 1, 3, 4, 5, 8 na 9 zikabaki India, ya 2, 6, 7 na 10 zikaingia jeshi la Uingereza tangu Januari 1948. India baadaye ikabadili tahajia ikawa "Gorkha", na Uingereza ikabaki na "Gurkha". Mwaka 1994 zile nne za Uingereza ziliunganishwa zikawa rejimenti moja, Royal Gurkha Rifles. Kwa hiyo ukiuziwa khukuri "ya jeshi la Uingereza" yenye muhuri wa rejimenti ya 3 na mwaka 1960, weka chini. Ya rejimenti ya 10 yenye mwaka 2005, weka chini pia. Mihuri ya mshale (alama ya mali ya serikali ya Uingereza) na namba hupigwa kwa nyundo na mhunzi yeyote kwa dakika moja, na kutu ya "uzee" hutengenezwa kwa tindikali usiku mmoja. Kutu ya kweli ya miaka mingi huwa nyeusi na ina vishimo visivyolingana. Ile ya kubandika ni nyekundu na imeenea sawasawa hadi ndani ya herufi za muhuri.

Chuma chake hasa ni springi za lori. Mhunzi, wa jamii inayoitwa Kami, hukata kipande cha springi, hukipasha moto wa mkaa, hukifua kwa zamu na msaidizi hadi kona itokee, kisha hufanya lile jambo linalotenganisha khukuri nzuri na mbovu. Bapa likiwa jekundu, hulishika makali yakiwa juu na kumimina maji kwa birika jembamba, mstari mwembamba tu juu ya makali, akirudiarudia pale kwenye tumbo. Makali hupoa ghafla na kuwa magumu. Mgongo hupoa taratibu na kubaki laini. Ukipiga fundo gumu la mti, mgongo humeza mshtuko badala ya kuvunjika.

Ubaya wake ni kwamba kazi hii hufuata jicho na mkono wa mtu mmoja, kwa hiyo ugumu hautoki sawa kwa kila khukuri. Chukua tupa laini iliyochoka, uipitishe kwa wepesi kwenye makali sehemu tatu: karibu na kipengele cha chini (lile pengo dogo lililokatwa kwenye bapa karibu na mpini), tumboni, na karibu na ncha. Tumboni tupa inapaswa kuteleza kama inapita kwenye kioo. Karibu na mpini itang'ata, na hilo si kosa, maana sehemu hiyo huachwa laini. Ikiwa inang'ata tumboni pia, maji hayakufika, na makali yatakunjika kwenye gogo la kwanza. Hiyo irudishwe siku hiyohiyo, hakuna unoaji utakaoiponya.

Mpini ndio unaoleta malalamiko mengi, na mengi ni ya haki. Kuna mitindo miwili. Wa kwanza chuma hupungua kuwa mkia mwembamba unaopita katikati ya pembe ya nyati au mti, hutokea nyuma na kugongwa ukafungwa juu ya kifuniko cha shaba ya njano. Wa pili, unaoitwa panawal, chuma kina upana wa mpini mzima na vipande viwili vya mti hubanwa pembeni kwa ribiti. Wa kwanza ni mwepesi na haukutikisi mkono sana. Wa pili ni mzito kidogo lakini ukilegea unauona na unaweza kuurekebisha kwa nyundo. Ndani ya mtindo wa kwanza hujazwa laha, gundi ya asili yenye utomvu, na laha hulainika kwa joto. Iache khukuri ndani ya gari lililofungwa kwenye jua la Dar es Salaam au Muscat, na jioni mpini utakuwa unacheza. Pembe nayo, ikitoka kwenye unyevu kwenda kwenye ukavu wa kiyoyozi, husinyaa na kupasuka mstari mmoja kuanzia kwenye kola ya shaba. Ufa mwembamba jaza gundi ya epoksi mapema. Ufa unaoingia ukucha, badili mpini. Kwa watu wa pwani ushauri ni mmoja: mti, na ribiti.

Kwenye mpini kuna pete katikati. Wengi hudhani ni urembo. Pete hiyo hukaa kati ya kidole cha kati na cha pete, ili mkono wenye jasho usiteleze kwenda mbele. Ukiona pete imekaa mahali ambapo vidole vyako havigawanyiki vizuri, mpini ni mdogo kwako. Mikono mipana iagize mpini mrefu zaidi kwa sentimita moja.

Kuchomoa ni pa hatari kuliko kukata. Ala ni mbao mbili nyembamba zilizovikwa ngozi, na kwa kuwa bapa limepinda, ukivuta ovyo makali hupasua mshono upande wa chini. Vidole vikiwa vimeuzunguka upande huo, vinakwenda navyo. Shika ala kwa upande wa mgongo tu, vidole visivuke kwenda upande wa makali, na vuta ukiukandamiza mgongo wa khukuri kwenye mgongo wa ala tangu mwanzo hadi ncha itoke. Kurudisha ni vivyo hivyo. Ala mpya ikibana sana usiipake mafuta ndani. Ingiza na kutoa taratibu mara nyingi, mbao zitajipa nafasi.

Vile visu viwili vidogo nyuma ya ala vina majina yao. Karda ni wa kumenya, na mara nyingi chuma chake ni laini kupita kiasi. Chakmak hauna makali, ni wa kunyoosha makali yaliyolala, na unafanya kazi hiyo vizuri ukitumiwa kidogo kidogo. Usitarajie unoe.

Kunoa kwenyewe kunahitaji uvumilivu. Makali ya khukuri yana mbinuko kidogo, hayako bapa kama ya kisu cha jikoni, na mashine ya kusagia itaulamba mbinuko huo na kuchoma chuma. Ukiona rangi ya bluu, ugumu umekwisha pale. Bandika msasa namba 400 juu ya kipande cha ngozi au mpira laini, vuta khukuri mgongo ukitangulia, nyuzi 20 hivi kila upande, uifuate kona kwa kuzungusha kifundo cha mkono. Kisha 800, kisha 1500, kisha mkanda wa ngozi mtupu. Anzia baada ya kile kipengele cha chini. Kipengele hicho, cho kwa Kinepali, kimeelezwa kwa kwato za ng'ombe, kwa mkuki wa Shiva, mungu wa Wahindu, na kwa kuzuia damu isifike mkononi. Kwa mnoaji ni alama ya mahali makali yanapoishia. Kikague kwa karibu: pembe zake ziwe mviringo. Pembe kali ndani ya kipengele ndipo nyufa zinapoanzia.

Ile hadithi kwamba khukuri ikichomolewa lazima inywe damu, iacheni. Askari huikatia kuni, nyama, kamba na kufyekea kambi siku nzima. Imetumika vitani kweli. Bhanbhagta Gurung wa rejimenti ya 2, tarehe 5 Machi 1945 huko Burma, aliishiwa mabomu ya kawaida mbele ya handaki la Wajapani, akatupa ya moshi mawili, na waliotoka akawamaliza kwa khukuri. Alipewa Victoria Cross, nishani ya juu kabisa ya ushujaa ya Uingereza. Vijana wetu wa Keya (King's African Rifles) wa divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki walikuwa kwenye vita hivyohivyo vya Burma, wakishuka bonde la Kabaw na mapanga yao mwaka 1944. Na Tanga iliziona khukuri mapema zaidi: Novemba 1914, katika vita ya nyuki, Wagurkha waliokuwa ndani ya Kashmir Rifles walikuwa miongoni mwa wachache waliofanikiwa kuingia mjini.

Baada ya kazi futa kwa kitambaa kikavu, kisha matone mawili ya mafuta ya cherehani. Ukiihifadhi kwa muda mrefu, itoe ndani ya ala, maana ngozi hushika unyevu na chumvi, na ndani ya mwezi mmoja wa kaskazi utakuta vishimo vya kutu kwenye bapa na ukungu wa kijani kwenye shaba. Shaba isafishwe kwa ndimu na majivu, isuuzwe na ikaushwe. Kwenye ndege iende kwenye mzigo wa chini, makali yakiwa yamefungwa kwa kadibodi nje ya ala, kwa sababu ala ikigandamizwa na mizigo mingine mbao hupasuka na ncha hutokeza. Risiti ya mhunzi iwe mfukoni kwa ajili ya forodha.